Maswali ya Wasomaji: Helen wa Troy, mume msinziaji na komedi isiyo na sauti

*Toleo lililopita Mjomba aligusia kwa mstari mmoja kwamba mwaka 1927 Hollywood waliigeuza vita ya Troy kuwa komedi. Barua zikamiminika. Leo ni hizo tu, mambo mengine yatasubiri.*

Shikamoo Mjomba. Sasa ndo nini kututupia mstari mmoja alafu ukapita zako? Mimi Troy naijua ile ya Brad Pitt, damu mwanzo mwisho. Sasa vita ya miaka kumi inachekeshaje? Hebu tupe stori yenyewe. — Mpenda Muvi, Tanga

Marahaba. Haya kaa vizuri. Sinema inaitwa The Private Life of Helen of Troy, yaani maisha ya Helen nyumbani kwake, yale ambayo majirani hawayaoni. Ilitengenezwa na studio ya First National na ikaanza kuonyeshwa New York mwezi Desemba 1927. Dairekta ni Alexander Korda, Mhungari ambaye ndo kwanza alikuwa ameingia Hollywood, na Helen mwenyewe kachezwa na mke wake wa ndoa, María Corda. Ndiyo, mume K mke C, mchapaji hajakosea, walijiamulia wenyewe hivyo. Mume wa Helen kwenye stori, mfalme Menelaus, ni Lewis Stone, na Paris (huyu ni mtu jamani, si mji) ni Ricardo Cortez, ambaye jina hilo la Kispania alivalishwa tu kibiashara kwa sababu enzi zile wanawake walikuwa wanazimia kwa Rudolph Valentino, staa Mwitaliano wa sinema za mapenzi, na kila studio ilitaka wa kwake. Jina lake la kuzaliwa ni Jacob Krantz. Kwa hiyo hesabu mwenyewe: malkia wa Kigiriki ni Mhungari, mwanamfalme wa Troy ni Mhispania wa bandia, na mtu mzima mwenye mvi anayelala lala ni Mmarekani.

Kwa wasioijua hadithi ya asili, kifupi ni hivi. Miungu wa kike watatu, Hera, Athena na Aphrodite, waligombania tufaha la dhahabu la mrembo kuliko wote, wakampa kijana Paris awe jaji, kila mmoja akamhonga, na Paris akapokea hongo ya Aphrodite, yaani apewe mwanamke mzuri kuliko wote duniani. Tatizo mwanamke huyo tayari ni mke wa mtu. Paris akaenda Sparta akapokelewa kama mgeni, akala, akanywa, akalala, alafu akaondoka na mke wa mwenyeji. Mgeni njoo mwenyeji apone, huyu kaja mwenyeji akaugua. Wagiriki wakakusanya meli, miaka kumi wanapigana, mwisho wakaingia mjini wamejificha ndani ya farasi wa mbao, Troy ikaungua.

Sasa sinema hii inauliza swali ambalo shangazi yeyote angeanza nalo kabla hajauliza idadi ya meli: huyo mume nyumbani alikuwaje? Na jibu ni kwamba alikuwa amechoka. Menelaus wa Lewis Stone ni baba mwenye nyumba wa kawaida kabisa, usingizi mbele, mke kapendeza hadi basi na yeye haoni kitu. Helen anaboreka anaondoka na Paris. Unategemea mfalme atapasuka kwa hasira, wapi, watu wake ndo wanamchochea vita ipiganwe! Inapiganwa, Helen anarudishwa, na kwa desturi yao mume ana haki ya kumuua. Helen anamwangalia tu kwa yale macho yake, bwana mkubwa anaishiwa nguvu. Mapenzi yanarudi... kwa siku chache. Kisha anapita mwanamfalme wa Ithaca, kijana, na Helen macho yanaanza tena kwenda huko. Menelaus anaona kila kitu. Safari hii haiti jeshi, anajipangia safari ya kwenda kuvua samaki.

Mimi hapo pa kuvua samaki napapenda kuliko farasi wa mbao.

Mjomba salama? Swali langu ni la kiufundi kidogo, komedi ya Chaplin naielewa maana mtu anaanguka, anapigwa keki, unacheka hata kama hujasikia neno. Lakini hii unayosema ya mume na mke kurushiana maneno, bila sauti watu walicheka nini? — Fundi Spika, Morogoro

Salama kabisa fundi. Swali lako ndo lenyewe hasa, tena lina utamu kuliko unavyodhani.

Sinema hii imetokana na kitabu. Mwandishi wake ni John Erskine, profesa wa Kiingereza pale Columbia University New York, mtu mzito, mpiga piano pia, ambaye baadae alikuwa rais wa kwanza wa chuo cha muziki cha Juilliard. Mwaka 1925 profesa huyu anaandika riwaya kuhusu Helen na kitabu kinauzwa vibaya mno, namaanisha vizuri mno, mwaka uliofuata kila mtu anacho. Sasa sikiliza maajabu: riwaya ile ni maongezi mwanzo mwisho. Inaanza vita imeshaisha, Helen yuko nyumbani Sparta, na kazi yake ni kukaa na kuongea. Anabishana na mumewe, anabishana na bawabu wa geti anayejifanya mlinzi wa maadili, na zaidi ya yote anabishana na binti yake Hermione, maana mtoto ndo mwenye kufuata sheria za heshima na mama ndo anayesema mapenzi hayapangwi. Hakuna upanga, hakuna meli. Ni sebule tu na ulimi.

Alafu studio inachukua kitabu cha kuongea tupu inakifanya sinema ambayo watu hawawezi kuongea! Ukiambiwa utafute wazo baya la biashara ungeleta hilo. Ikabidi wafanye vitu viwili. Kwanza wakarudi nyuma wakaonyesha yale ambayo kitabu kiliyaruka, Helen anavyotoroka, Troy, vita, farasi, maana hayo kamera inayaona. Pili, ule ulimi wote wa kitabu wakauhamishia kwenye kadi.

Kadi ninazosema ni yale maandishi yaliyokuwa yanakatiza picha, unaona mtu anafungua mdomo, picha inakatwa, yanatokea maneno kwenye ubao mweusi, unasoma, picha inarudi. Watu wa leo wanadhani zile kadi zilikuwa kama sabutaitoli za kawaida tu, tafsiri kavu. Hapana. Kulikuwa na watu maalumu, kazi yao ni kuandika kadi tu, na wa komedi walilipwa kwa uchekeshaji wao. Mchezo wa kuigiza mnaupiga kwanza, kisha jamaa anakaa chini anautazama na kutafuta sentensi ya maneno sita itakayowaangusha watu viti. Kwa sinema ya Helen mmoja wa watu hao alikuwa Gerald Duffy. Na siri ya utani wa aina hii ni kwamba picha inaonyesha mavazi ya kale, nguzo, sandali, taji, lakini kadi inaongea kama mke na mume wa New York wa mwaka 1927. Jicho linaona mfalme, unachosoma ni jirani wa ghorofa ya pili. Kicheko kinatoka kwenye huo mwanya.

Na usidhani waigizaji walikuwa wamekaa tu wakisubiri kadi. Lewis Stone huyu hana haja ya kuanguka wala kupigwa keki, anachekesha kwa kutokucheka, uso umetulia kama mtu aliyeambiwa chakula kimechelewa, na mkewe ndo kwanza katoroshwa. Ukiiweka kadi kali mbele ya uso wa namna hiyo, kazi imekwisha. Ukiiweka mbele ya mtu anayerusha mikono hewani, utani unakufa.

Duffy alifanya kazi nzuri kiasi kwamba tuzo za Oscar za mara ya kwanza kabisa, zile za Mei 1929 pale hoteli ya Hollywood Roosevelt, zilimweka kwenye wanaowania tuzo ya uandishi wa kadi. Hakushinda, alichukua Joseph Farnham. Na hata angeshinda asingeipokea, alifariki Juni 1928, akawa mtu wa kwanza kuwania Oscar akiwa marehemu. Tuzo yenyewe ya kadi ilitolewa mara hiyo moja tu ikafutwa, kwa sababu utakazoziona kwenye barua ya chini huko.

Mheshimiwa, mimi ni mwalimu wa fasihi. Nimesikitika. Homer ni nguzo ya fasihi ya dunia. Kumgeuza Helen kuwa kichekesho cha walevi wa Marekani ni kukosa adabu kwa urithi wa watu wengine. Je na sisi wakija kumfanyia Fumo Liyongo komedi tutafurahi? — Mwalimu, Mombasa

Mwalimu shikamoo, na nakuheshimu, lakini hapa naomba nikubishie kwa adabu.

Waliomcheka Menelaus wa kwanza ni Wagiriki wenyewe. Ile habari ya mume kwenda na upanga kumuua mke, akamwona, upanga ukamdondoka, haikubuniwa Hollywood. Ipo kwenye michoro ya vyungu vya Kigiriki vya kale, na Aristophanes, bingwa wa komedi wa Athens, kaiweka kwenye Lysistrata mwaka 411 kabla ya Kristo, na yeye anasema bila aibu ni kifua cha Helen ndo kilichomfanya jamaa aachie upanga. Ukumbi mzima wa wanaume wa Athens walicheka hapo, tena wakiwa katikati ya vita yao wenyewe na Sparta. Mwaka mmoja kabla ya hapo Euripides naye alileta mchezo ambamo Helen hakwenda Troy kabisa, aliyekwenda ni kivuli chake kilichotengenezwa na miungu, yeye mwenyewe kakaa Misri akimsubiri mumewe. Yaani watu wamekufa miaka kumi kwa ajili ya hewa. Sijui kama hiyo ni huzuni au ni utani mkali kuliko wote.

Na Homer mwenyewe mwalimu! Odisei, utenzi wake wa safari ya Odysseus kurudi nyumbani kutoka Troy, kitabu cha nane, Hephaestus fundi chuma anasikia mkewe Aphrodite anatembea na Ares, mungu wa vita, anatengeneza wavu mwembamba usioonekana anautega kitandani, wananaswa humo humo, kisha anawaita miungu wote waje washuhudie, na miungu wanacheka hadi hawawezi kujizuia. Miungu wa kike peke yao ndo waliobaki nyumbani kwa aibu.

Ila mahali ninapopapenda mimi ni kitabu cha nne, na nadhani hata Erskine alichota humo. Telemachus, yule mwanamfalme wa Ithaca, anafika Sparta kumuulizia baba yake, Odysseus. Anawakuta Helen na Menelaus wamesharudiana, wamekaa, nyumba tajiri, harusi inaendelea, mambo shwari. Helen kwanza anatia dawa ya kusahaulisha huzuni kwenye divai ya watu wote (hilo tu lingenifanya niage mapema). Kisha anasimulia jinsi Odysseus alivyoingia Troy amejivika matambara kama ombaomba, yeye peke yake akamtambua na hakumchoma, kwa sababu moyo wake tayari ulishageuka unataka kurudi kwa mume mwema. Mume mwema anasikiliza, anasema umesema vizuri mke wangu, na mimi ngoja niwasimulie. Anasimulia siku walipokuwa ndani ya farasi wa mbao, Helen akaja akamzunguka yule farasi mara tatu, akiita kila askari kwa jina huku akiigiza sauti ya mke wake, karibu watoke wote wauawe. Alafu anaongezea kwa upole tu kwamba nyuma yake alikuwa anafuatana na Deiphobus, yule mume mwingine wa Troy. Mbele ya mgeni! Hakuna aliyepandisha sauti, hakuna ugomvi, wakaenda kulala. Mwalimu, hiyo tayari ni komedi ya ndoa, Hollywood walichofanya ni kuongeza taa.

Hata kabla ya sinema, mwaka 1864 mtunzi wa muziki Offenbach alishaitoa hadithi hii huko Paris, mji safari hii, kama opera ya kuchekesha na watu wakajaa.

Kuhusu Liyongo, mimi ningelipa tiketi. Jitu linatoroka gerezani kwa tupa ya kukatia minyororo aliyoipata ndani ya mkate wa wishwa wakati walinzi wanacheza ngoma ya gungu nje, hapo mchekeshaji mzuri anahitaji kuongezewa nini? Ila mwisho wake, pale mtoto anapomchoma baba sindano ya shaba kitovuni, hapo hapachekeki na asijaribu mtu. Mipaka ipo, ninachokataa ni kusema mpaka unaanzia mlangoni.

Mjomba nimeitafuta hii muvi usiku kucha, YouTube hakuna, Telegram hakuna, naambulia posta na picha za mnato. Tupe linki bwana. — Bando Limeisha, Kigoma

Pole na bando. Linki nzima haipo kwa sababu sinema nzima haipo. Ilikuwa rili 8, yaani magurudumu manane ya mkanda, kama saa moja na nusu hivi, na kilichobaki ni vipande vya kama nusu saa tu, vimehifadhiwa Uingereza na British Film Institute. Yaani vita yenyewe tumeipoteza, uhondo wa sebuleni umebaki kidogo.

Wala si sinema hii peke yake. Maktaba ya Bunge la Marekani ilitoa ripoti mwaka 2013, wakakuta sinema ndefu za bubu za Kimarekani zilizotoka kati ya 1912 na 1929 ni karibu 11,000, na zilizobaki kamili katika hali yake ya mwanzo ni asilimia 14 tu. Sababu ya kwanza ni mkanda wenyewe, ulikuwa wa naitreti, kitu kinachoshika moto haraka ajabu na hata usipowaka unaoza polepole, unanata, unakuwa unga. Sababu ya pili inauma zaidi, wenye mali hawakuona faida ya kuutunza. Sinema ikishamaliza mzunguko wa kumbi ilikuwa mzigo stoo, ikachomwa au ikauzwa kwa ajili ya madini ya fedha yaliyomo kwenye mkanda.

Na hii ya Helen ilikuwa na mkosi wa tarehe. The Jazz Singer, sinema iliyoonyesha watu kwamba staa anaweza kuimba na kuongea kwenye skrini, ilitoka Oktoba 1927. Helen ikaja Desemba. Miezi miwili! Miaka miwili baadae hakuna mwenye ukumbi anayetaka bubu, kadi zimekwisha, na waandishi wa kadi nao ndo hivyo. María Corda lafudhi yake ya Kihungari ilikuwa nzito, sauti ilipoingia Hollywood hawakuwa na nafasi tena kwa ajili yake. Mwaka 1930 na ndoa ikavunjika. Mumewe akarudi Ulaya, na mwaka 1933 akiwa London akatoa The Private Life of Henry VIII, angalia hilo jina, ni ule ule mchezo wa kumchungulia mfalme nyumbani kwake, ila sasa mfalme anaongea huku anatafuna kuku. Charles Laughton, aliyemcheza huyo mfalme, alichukua Oscar kwa hiyo. Korda akawa mtu mkubwa, mwaka 1942 akapewa hadhi ya Sir. Wazo lililochelewa kwa miezi miwili Marekani ndo lililomtajirisha Uingereza.

Eti huyo Korda ndo yule yule aliyemwajiri Mzee Jomo Kenyatta? Babu yangu alikuwa anasema tukamwona mzushi. — Mjukuu, Thika

Mwombeeni msamaha babu. Ni yule yule. Kampuni yake ya London ilitoa Sanders of the River mwaka 1935, iliyoongozwa na mdogo wake Zoltan Korda, Paul Robeson, mwimbaji na mwigizaji Mmarekani mweusi, akiwa staa, na Kenyatta aliyekuwa anaishi London kwa shida za pesa akapata kisehemu kidogo humo. Sinema yenyewe ni ya kuusifia ukoloni na Robeson baadae aliikana kabisa. Si komedi, ingawa ukiitazama leo kuna mahali utacheka bila wao kukusudia.

Habari Mjomba, mimi nina watoto wa shule ya msingi wanapenda hizi stori za majitu na miungu. Kuna yoyote ya zamani fupi ya kuchekesha ambayo ipo kweli na inapatikana? — Mama Mapacha, Dodoma

Nzuri mama. Ipo, na haihitaji hata kusoma. Mfaransa Georges Méliès, ambaye kabla ya sinema alikuwa mwanamazingaombwe wa jukwaani, mwaka 1905 alitoa kisa cha Ulysses, ndo huyo huyo Odysseus, kwenye kisiwa cha Calypso. Kama dakika tatu na nusu tu. Ulysses, ambaye ni Méliès mwenyewe, anafika kwenye pango lenye mabinti wazuri, anadhani kapata, mara linatoka mkono mkubwa kuliko yeye unataka kumnyakua, kisha uso mzima wa Polyphemus, lile jitu lenye jicho moja, unaziba mlango wa pango. Wanaojua Homer watalalamika kwamba Calypso na Polyphemus ni visa viwili tofauti kabisa, visiwa tofauti. Méliès hakujali, alikuwa na pango moja studioni na pango halilali bure.

Nyingine ni Pygmalion na Galatea ya 1898, fupi zaidi, dakika moja hivi. Mchongaji kaipenda sanamu aliyoichonga, sanamu inapata uhai, anakimbilia kuikumbatia na kila akinyoosha mikono inampotea inatokea upande wa pili. Ni kamera tu inasimamishwa, mtu anahama, inawashwa tena, lakini wapwa zangu waliirudia mara nyingi wakitafuta mahali alipokata wasipaone.

Méliès naye aliwahi kuzichoma negativu zake mwenyewe mwaka 1923 kwa uchungu wa kufilisika, alitoa sinema zaidi ya 500 na zilizopatikana ni chini ya nusu. Hizi mbili zimo kwenye zilizopona, ziko mtandaoni bure, muda wake wa hakimiliki umeshapita. Andika jina la Méliès na mwaka, utazipata, na kwa urefu huo hata yule wa Kigoma bando litamtosha.